Siku 9,965 za Mkunga

Karatasi za kufungia karanga pale kituoni kwetu hutoka kwenye madaftari yaliyokwisha kazi. Siku moja nikisubiri daladala nilimaliza karanga, nikaikunjua karatasi. Ilikuwa ukurasa wa daftari la mkopo la duka fulani la uswahilini. Unga kilo mbili. Sabuni mche mmoja. Mafuta ya taa robo. Pembeni, kwa kalamu nyekundu, alama ya vema kwa waliokwishalipa. Niliusoma mara mbili, daladala ikaja, nikautupa.

Niliukumbuka ukurasa ule nilipokuwa natazama filamu ya A Midwife's Tale, maana mtu mmoja katika filamu ile alishika daftari la aina hiyohiyo na hakulitupa. Alikaa nalo miaka minane. Jina lake Laurel Thatcher Ulrich, mwanahistoria wa Marekani, na daftari lenyewe ni shajara ya mkunga wa kijijini, Martha Ballard, aliyeandika karibu kila siku kuanzia Januari 1785 hadi Mei 1812. Jumla ni siku 9,965. Kitabu cha Ulrich kilitoka 1990 na mwaka uliofuata kikapata tuzo ya Pulitzer. Filamu ikafuata mwaka 1997. Iliandikwa na kutayarishwa na Laurie Kahn-Leavitt, ikaongozwa na Richard P. Rogers. Haifiki saa moja na nusu.

Filamu za historia tumezizoea: farasi, mizinga, mfalme anayekohoa kitandani huku wakubwa wakinong'ona. Hii ina wanawake wawili waliopishana kwa miaka mia mbili. Mmoja anakanyaga matope kwenda kumzalisha jirani. Mwingine amekaa mezani anajaribu kusoma mwandiko wa yule wa kwanza. Tunaruka kutoka kwa huyu kwenda kwa yule, na baada ya muda unaona kuwa wote wawili wana kazi ya namna moja: kuamka, kuhudhuria, kuandika, kulala, kuamka tena.

Martha alizaliwa mwaka 1735 katika mji wa Oxford, Massachusetts. Mwaka 1769 ugonjwa wa koo ulipita mjini pale ukamchukulia mabinti watatu. Baadaye familia ilihamia Hallowell, kando ya mto Kennebec, katika nchi ambayo sasa ni jimbo la Maine. Mumewe, Ephraim, alikuwa mpima ardhi na mwenye mashine ya kupasua mbao iliyoendeshwa kwa maji. Martha alifuma, alilima bustani ya mboga na mitishamba, alitibu vikohozi, aliosha maiti, na alizalisha. Katika shajara amehesabu watoto 816. Kila mtoto amepewa namba pembeni mwa ukurasa, na pale ada ilipolipwa, kwa kawaida shilingi sita, anaweka alama mbili za X. Vema ya kalamu nyekundu ya duka letu, basi.

Na ni shilingi kweli. Marekani ilikuwa imejitenga na Mwingereza, ila mazoea ya pesa zake yalikuwa hayajaisha, kama sisi.

Shajara haikuwa imefichika. Mtoto wa kitukuu chake, Mary Hobart, aliipokea mwaka 1884, mwaka aliohitimu udaktari, akaitengenezea kasha la mti wa mahogani, na mwaka 1930 akaikabidhi kwa Maktaba ya Jimbo la Maine mjini Augusta. Wanahistoria waliijua. Mmoja wa karne ya 19 aliyeandika juu ya mji ule aliipitia akaona haina mengi ya kumfaa msomaji wa kawaida. Mwingine akachota humo vizazi, vifo na vituko, akaacha maharage, uzi na mvua. Hata baadaye, historia ya wanawake ilipoanza kusomwa kwa bidii, waliofungua shajara ile waliifunga wakisema imejaa vijambo vidogovidogo.

Siwalaumu sana. Nimesoma vipande vyake na ukweli ni kwamba vinachosha. Hali ya hewa inatangulia: leo kweupe, leo mvua, leo baridi. Kisha alipokuwa: nimekuwa nyumbani, au nimekwenda kwa fulani. Kisha waliokuja, walicholeta, walichoondoka nacho. Nukta hakuna, koma hakuna, maneno yameandikwa jinsi yanavyosikika mdomoni. Hasimulii jinsi alivyojisikia. Mtu aliyezoea shajara za kumwaga machozi akifika ukurasa wa tatu anapiga miayo.

Hapo ndipo ulipo ufundi wa Ulrich. Wengine walitaka kupepeta ili pumba ziende na punje zibaki. Yeye alishika pumba. Aliona kuwa mwanamke anayeandika maharage kwa miaka 27 anaandika maisha, na ukiyatoa maharage umeyatoa maisha.

Nichukue mfano wa wiki tatu tu. Agosti 1787 homa ya vipele na koo ilikuwa imeingia Hallowell. Kati ya tarehe 3 na 24 Martha alizalisha wanawake wanne, aliitwa mara moja kwa uchungu ambao haukuwa uchungu, alizuru wagonjwa mara 16, aliandaa maiti watatu kwa maziko, alimpa jirani mmoja vidonge, alimvunia na kumwandalia mwingine mitishamba, na alimtibu mumewe koo. Ukizisoma siku hizo mojamoja huoni kitu: nimekwenda, nimerudi, mtoto yuko vilevile. Ukizihesabu pamoja, kama alivyofanya Ulrich, unapata picha ya mwanamke wa miaka 52 ambaye karibu halali, na ya mji ambao huduma yake yote ya afya imebebwa na miguu ya wanawake wa aina yake. Daktari wa kiume anakuja na kuondoka. Martha na majirani zake ndio wanaokesha.

Kuhesabu. Neno hili halina mvuto, na wapenzi wa fasihi hulikimbia. Lakini tazama linavyofanya kazi. Ulrich aliwachukua akina mama 106 ambao Martha aliwazalisha mtoto wa kwanza kati ya 1785 na 1797. Kwa kila mmoja akatafuta siku ya ndoa katika kumbukumbu za mji, akaiweka kando ya siku ya kuzaliwa mtoto iliyo katika shajara, akahesabu miezi. Ni hesabu ya vidole. Mtoto wa darasa la pili anaiweza. Kazi iko kwenye kutafuta: jina lililoandikwa hivi huku na vile kule, msichana aliyebadili ubini siku ya harusi, ukurasa uliofifia. Alipomaliza, kina mama 40 kati ya wale 106 walikuwa wamebeba mimba kabla ya ndoa. Asilimia 38. Na huu ulikuwa mji wa Wakristo wa dini kali, wale ambao vitabu vya shule huwachora wamevaa nyeusi na kukunja uso. Hakuna mahubiri ya zama zile ambayo yangempa jibu hilo, wala hotuba, wala barua ya mwanasiasa. Limetoka kwenye namba za pembeni mwa ukurasa.

Kisha akauliza swali la pili, ambalo ndilo linalomtenga mpenda watu na mpenda takwimu: sawa, na wao wenyewe walilichukuliaje? Sheria ilimtaka mkunga amuulize binti asiyeolewa jina la baba wakati uchungu umefika kileleni, kwa imani kwamba saa ile hakuna anayeweza kusema uongo. Martha aliuliza kama sheria ilivyotaka. Mwaka 1791 aliitwa kwa binti mmoja, Sally Pierce, akauliza, na binti akataja jina: Jonathan, mwanawe Martha mwenyewe. Martha aliliandika. Mstari mfupi, wino uleule, pamoja na hali ya hewa. Miezi michache baadaye vijana wale wakaoana na Sally akawa mkwe.

Mwandishi wa riwaya angekaa kwenye chumba kile kurasa ishirini. Ulrich hakai. Anatupa mstari ulivyo, anaeleza sheria ilivyosema, anaonyesha ndoa ilivyofuata, kisha anaondoka. Uso wa Martha aliposikia jina la mwanawe anatuachia sisi. Nadhani hapo ndipo anapomheshimu Martha kuliko popote: hamwazimi machozi.

Alifanya hivyo hivyo katika jambo lililo baya zaidi. Mwaka 1789 Rebecca Foster, mke wa mtu aliyekuwa mchungaji wa mji, alimshitaki jaji wa hapohapo, Joseph North, kwa kumbaka. Martha alikuwa amesikia habari hizo kutoka kwa mama yule mwenyewe, na alikwenda mahakamani kutoa ushahidi. Jaji akaachiwa huru. Shajara inasema machache, na kumbukumbu za mahakama machache zaidi. Ulrich anayaweka hayo machache ubavu kwa ubavu, anaonyesha yanapokubaliana na yanapopishana, na shajara inaponyamaza naye ananyamaza. Wengi wetu tunaoandika habari za wazee hatuna adabu hiyo. Tukikuta shimo tunalifukia.

Filamu nayo ilibidi ijifunze adabu hiyo, na kwa filamu ni vigumu zaidi. Kitabu kinaweza kuacha uso bila kuuonyesha. Kamera haiwezi, lazima mtu asimame pale. Aliyesimama ni mwigizaji Kaiulani Lee, na uigizaji wake ni wa kujizuia. Hatoi hotuba. Maneno tunayoyasikia kwa wingi ni ya shajara yenyewe, pamoja na sauti ya Ulrich akieleza anachokitafuta na kinachomtatiza. Wakati Lee akifanya kazi za Martha kwa mikono, hatupewi mtu wa kututafsiria moyo wake. Kuna anayetaka hadithi yenye mwanzo, patashika na mwisho. Huyo atasema filamu inakwenda polepole. Ni kweli inakwenda polepole. Kupika ugali kwa kuni nako ni polepole.

Mto Kennebec nao ni mhusika. Wakati wa baridi unaganda na mkunga anauvuka kwa miguu, masika barafu inavunjika na anauvuka kwa mtumbwi kati ya vipande vyake, na ukifurika haijulikani kama atafika. Aprili 1789, akienda kuzalisha katika upepo mkali, mti uling'oka na mizizi yake ukaanguka mbele yake, farasi akaruka nyuma. Akaendelea na safari. Aliandika alipovuka, alivyovuka, na kwamba mtoto alizaliwa. Mama zetu waliobebwa kwa machela au baiskeli kwenda zahanati mvua za masika zikikata daraja hawahitaji kuelezwa usiku wa namna ile.

Lakini sehemu ninayoipenda kuliko zote ni ya nyuzi, na naomba msomaji anivumilie. Martha alilima kitani, akakichambua, mabinti wakakisokota, wakafuma. Ukisoma shajara harakaharaka utaona nyuzi ni mambo ya pembeni na uzazi ndio kazi. Ulrich alipopanga miaka yote pamoja aliona kitu kingine. Kazi ya ukunga ya Martha ilipanda sana katika miaka ambayo mabinti zake na wasichana wengine walikuwa wakubwa na bado wako nyumbani, wamekaa kwenye kitanda cha kufumia. Wao ndio waliomwachia mama nafasi ya kutoka saa nane usiku. Walipoolewa mmojammoja, nyumba ikabaki bila mikono, na Martha akaanza kulalamika kuhusu kufua, kuhusu kuni, kuhusu wasichana wa kazi wasiokaa. Hakuwa amebadilika yeye. Mtande ulikuwa umebaki bila mshindio.

Ulrich mwenyewe anautumia mfano wa kitambaa cha mirabaraba, bluu na nyeupe: nyuzi za wanaume na za wanawake zimepita pamoja, zikikutana zinafanya rangi ya tatu, na huwezi kuvuta za upande mmoja bila kuharibu nguo. Madaftari ya wafanyabiashara wa mji yanamtaja Ephraim. Ndiye mwenye hesabu, ndiye anayedaiwa. Uzi uliokopeshwa kati ya majiko, kitambaa kilicholipwa kwa siku za kusokota, chakula kilichopita mlango wa nyuma, vyote hivyo havimo. Viko kwa Martha tu. Uchumi mzima wa wanawake, wenye mikopo na marejesho yake, ulikuwa unakwenda chini ya pua za wenye vitabu vikubwa. Mwanamke yeyote wa hapa kwetu aliyewahi kucheza upatu atacheka kusikia kwamba hilo lilihitaji kugunduliwa na profesa.

Watafiti wa pwani yetu wamewahi kuifanya kazi ya jinsi hii kwa njia nyingine. Sarah Mirza na Margaret Strobel walikaa Mombasa katika miaka ya 1970 na kinasa sauti, wakawasikiliza Bi Kaje wa Mwenye Matano, Bi Mishi wa Abdala na Bi Shamsa Muhamad Muhashamy wakieleza maisha yao: ndoa, lelemama, utumwa uliobaki katika ukoo, elimu. Kitabu kilitoka kwa Kiingereza mwaka 1989, na mwaka 1991 maneno yao yakatoka kwa Kiswahili, kwa jina la Wanawake Watatu wa Kiswahili. Watafiti hawa walikuwa na bahati ambayo Ulrich hakuwa nayo: waliweza kuuliza, "Kisha ikawaje, bibi?" Karatasi haijibu. Ndiyo maana Ulrich alilazimika kuwa na subira ya aina nyingine, ya kuuliza swali Jumatatu na kulijibu kwa hesabu baada ya miezi sita.

Subira hiyo ilikuwa na chanzo. Alizaliwa Idaho mwaka 1938, katika jamii ya Wamormoni, na alilea watoto watano huku akisoma kidogokidogo. Shahada yake ya uzamivu ya Chuo Kikuu cha New Hampshire aliipata mwaka 1980, akiwa na zaidi ya miaka 40. Mtu aliyesoma nyaraka huku chungu kikichemka anajua kuwa siku isiyo na tukio nayo ina kazi ndani yake. Mwaka 1976, katika makala juu ya mahubiri ya maziko ya wanawake wacha Mungu, aliweka sentensi moja akilalamika kwamba wanawake watulivu huachwa nje ya historia. Sentensi ile ikamtoroka. Leo imechapwa kwenye fulana na vikombe, na wengi wanaoivaa wanaielewa kama mwito wa utundu. Yeye alikuwa akiwatetea haohao watulivu. Naona Martha Ballard ndiye ushahidi wake: mwanamke mwenye adabu, mcha Mungu, asiyevunja sheria hata moja, ambaye hangetajwa popote kama hangekuwa na wino.

Jambo moja zaidi kuhusu mkono ule ulioshika wino. Juni 1786, katikati ya habari za kila siku, Martha anaandika kwamba leo inatimia miaka 17 tangu binti yake Triphene afariki, na anataja umri wake wa miaka minne na miezi mitatu. Kesho yake anaendelea na kazi. Katika shajara ambayo haisemi moyo, miezi mitatu ile imehesabiwa.

Aliendelea kuzalisha hadi majira ya masika ya mwaka 1812, akiwa na miaka 77. Shajara inakatika Mei. Mwezi uliofuata gazeti la mji lilitangaza kifo chake kwa sentensi moja: mji aliofia, jina lake la kwanza, jina la mumewe, umri. Kwamba alikuwa mkunga halikuandikwa.